BOHARI HUTANGULIA UPANGA

Wahenga walituachia neno ambalo kila karani angefaa kulibandika juu ya meza yake: mali bila daftari hupotea bila habari. Sisi tulio katika kazi za Serikali twalifahamu neno hili kwa mapato na matumizi, kwa stoo na stakabadhi. Leo twataka kuwaonyesha wanachama wetu kwamba neno hilo hilo latawala hata mambo ya vita, na kwamba si mali tu ipoteayo bila daftari, bali hata majeshi na dola.

Watu wakizungumza habari za vita hutaja majemadari, manowari na mizinga. Mwenye kisu kikali ndiye alaye nyama, husema, na mazungumzo huishia hapo. Sisi twauliza: chuma cha kisu hicho alikinunua kwa nani, kwa fedha gani, na je, huyo aliyemwuzia jana atamwuzia tena kesho? Kwani jemadari huonekana kama mtu achaguaye njia aipendayo, kumbe mara nyingi njia nyingine zimekwisha kufungwa kabla yeye hajafika, na waliozifunga hawakuwa askari. Walikuwa watunza hazina, wafanya biashara na mabalozi. Ili tusiseme maneno matupu twachukua mfano mmoja, yaani jinsi Japani ilivyoingia katika vita na Marekani na Uingereza mwaka 1941. Twauchagua mfano huo kwa sababu matokeo yake yalifika hata katika mashamba ya mkonge ya Tanganyika na katika bandari ya Kilindini.

Japani ilianza vita vyake vikubwa na China mwezi wa Julai 1937. Wakuu wa jeshi walidhani vitakwisha upesi; havikwisha. Kila mwezi vilikula chuma, fedha, na zaidi ya yote mafuta. Lakini ardhi ya Japani haina mafuta ila kidogo sana. Kama sehemu nane katika kila kumi za mafuta yake zilitoka Marekani, nchi ile ile iliyochukizwa na vita hivyo vya China. Hebu fikirini, ndugu zetu, hali ya mtu agombanaye na jirani huku akichota maji katika kisima cha jirani huyo huyo. Hata akiwa na nguvu namna gani, kamba ya ndoo imo mkononi mwa mwingine.

Marekani haikuikata kamba hiyo kwa mara moja. Kwanza ilitoa taarifa kwamba mkataba wa biashara wa mwaka 1911 hautaendelea, nao ukakoma mwezi wa Januari 1940. Mwezi wa Septemba 1940, Japani ilipopeleka majeshi katika sehemu ya kaskazini ya Indochina ya Wafaransa, Marekani ilizuia vyuma vikuukuu visipelekwe Japani, navyo vilikuwa chakula cha viwanda vyake vya chuma. Siku zile zile Japani ilitia sahihi mapatano na Ujerumani na Italia, ikitumaini kwamba Wamarekani wataogopa. Hawakuogopa, bali waliona kwamba sasa Japani ni rafiki wa adui wa Uingereza, na neno la kila balozi wa Japani likapungua thamani. Hivyo mkataba uliokusudiwa kuwa ngao ukawa mzigo.

Mwezi wa Aprili 1941 Japani ilifanya mapatano mengine, safari hii na Urusi, kwamba hakuna atakayempiga mwenzake. Miezi miwili baadaye, tarehe 22 Juni, Ujerumani ikaivamia Urusi. Hapo ndipo Japani ilipofika penye njia panda. Wajerumani waliisihi ipige Urusi kwa upande wa mashariki. Wako wakuu wa jeshi waliolitaka jambo hilo, na askari wengi wakakusanywa Manchuria. Lakini walikumbuka jinsi Warusi walivyowashinda vibaya mwaka 1939 katika mapigano ya mpakani mwa Mongolia. Tena, hata wangalishinda, upande ule wa kaskazini hawakujua kisima cha mafuta cha kuwatosha. Mafuta yalikuwa kusini, katika visiwa vilivyotawaliwa na Waholanzi, ambavyo leo ni nchi ya Indonesia. Kwa hiyo mwezi wa Julai majeshi ya Japani yakaingia sehemu ya kusini ya Indochina, yakawa karibu na visiwa hivyo. Aliyewaelekeza kusini si jemadari peke yake. Bohari lilikuwa limekwisha kuwaelekeza.

Sasa twafika mahali ambapo kila karani apaswa kusoma polepole. Tarehe 26 Julai 1941 Rais Roosevelt alitoa amri kwamba fedha zote za Japani zilizomo Marekani zizuiliwe. Uingereza na Waholanzi wakafuata. Hapakulia bunduki hata moja. Tena amri hiyo haikusema kwa maneno wazi kwamba mafuta yasiuzwe kabisa. Mnunuzi aliweza kuomba kibali cha mafuta, na vibali vingine vilitolewa. Lakini mwenye kibali alihitaji pia ruhusa ya pili, yaani ya kuzitoa dola za kulipia mafuta hayo. Ruhusa hiyo ya pili ilikuwa katika mikono ya kamati ndogo ya maofisa wa idara tatu huko Washington, mmoja wao akiwa Dean Acheson, na kamati hiyo haikuitoa. Maombi yalikaa juu ya meza, mafuta hayakuondoka. Wanahistoria hawajakubaliana hadi leo kama Roosevelt mwenyewe alikusudia mlango ufungwe kabisa namna hiyo. Lakini ulifungwa, na uliufungwa na watu wa ofisini, kwa karatasi.

Tangu siku ile vita vikawa jambo la kalenda. Wakuu wa manowari wa Japani walihesabu kwamba akiba yao ya mafuta haitapita miaka miwili, na kwamba vita vikianza itakwisha mapema zaidi. Kila siku iliyopita bila mapatano, matangi yalipungua. Amirali aliyependa kungoja hakuweza kungoja, kwani manowari zisizo na mafuta ni vyuma tu vielea juu ya maji. Mabalozi nao walijadiliana Washington mpaka mwisho wa Novemba. Marekani ilitaka Japani itoe majeshi yake China na Indochina. Wakuu wa jeshi la Japani wakasema kwamba kutoka China ni kuwafedhehesha askari waliokufa huko. Hivyo damu iliyokwisha kumwagika ikawa sababu ya kumwaga nyingine.

Je, hapakuwa na mtu aliyewaambia ukweli? Walikuwako, na habari yao yatuhusu sisi kuliko ya majemadari wote. Mwaka ule ule Serikali ya Japani ilikuwa imekusanya vijana hodari, wengi wao maofisa wa wizara mbalimbali na wengine wa jeshi na wa makampuni, katika chuo cha kuchunguza mambo ya vita. Walipewa kazi ya kujifanya baraza la mawaziri na kupima vita na Marekani vitakwenda namna gani. Wakahesabu chuma, mafuta, meli, chakula na viwanda. Mwezi wa Agosti 1941 wakatoa jibu lao mbele ya wakubwa: mwanzoni Japani yaweza kushinda, lakini vita vitakuwa virefu, meli zitakwisha, na mwisho wake ni kushindwa. Tojo, aliyekuwa Waziri wa Vita, aliwasikiliza, kisha akasema kwamba hayo ni mawazo ya mezani tu na kwamba vita havifuati hesabu. Mwezi wa Oktoba yeye mwenyewe akawa Waziri Mkuu. Katika mikutano iliyofuata hesabu nyingine zililetwa, na ndani yake idadi ya meli ambazo zingezamishwa ilikuwa ndogo mno kuliko zile zilizozama kweli baadaye. Hesabu inayompendeza mkubwa haikosi kupata msomaji.

Basi vita vikaanza. Tarehe 7 Desemba 1941, kwa saa za Hawaii, ndege za Japani zikapiga manowari za Marekani katika bandari ya Pearl Harbor. Wengi hudhani shabaha ya Japani ilikuwa Hawaii; sivyo. Shabaha ilikuwa mafuta ya kusini, na Pearl Harbor ilipigwa ili manowari za Marekani zisije kuwazuia njiani. Lakini angalieni maajabu haya: watu walioingia vitani kwa ajili ya mafuta waliruka juu ya matangi ya Pearl Harbor, yaliyokuwa na mafuta kama mapipa 4,500,000, wakayaacha mazima. Macho yao yalikuwa juu ya manowari, wakasahau bohari.

Mwezi wa Februari 1942 askari wao walishuka kwa miavuli Palembang, penye mitambo mikubwa ya mafuta, na tarehe 15 ya mwezi ule Singapore ikasalimu amri. Mwezi wa Machi visiwa vya Waholanzi vikawa mikononi mwao. Mafuta wakayapata. Lakini mafuta ya Sumatra hayawashi taa Tokyo mpaka yabebwe, nayo hubebwa na meli. Manowari za Marekani ziendazo chini ya maji zilizizamisha meli hizo moja baada ya moja, hata zaidi ya nusu ya uzito wa meli za biashara za Japani zilizopotea vitani zilizamishwa nazo. Katika mwaka 1944 manowari kubwa kabisa za Japani zilikaa Lingga, karibu na Singapore, ili ziwe jirani na mafuta, na zile za kuchukulia ndege zikabaki kwao kufundisha marubani wapya. Zilipoitwa kupigana kwa pamoja mwezi wa Oktoba, karibu na kisiwa cha Leyte, zilitoka pande mbili mbali mbali za bahari. Marubani vijana walipelekwa vitani na mafunzo machache, kwa kuwa mafuta ya kufundishia hayakuwako. Hata mwanzo wa mwaka 1945 mafuta ya kusini yakakoma kufika kabisa, na watu wa vijijini wakaamriwa kuchimba mizizi ya misonobari ili ikamuliwe mafuta ya ndege.

Kuna jambo jingine la kustaajabisha. Katika miaka hiyo yote Marekani ilikuwa ikiipelekea Urusi chakula, magari na vifaa, na karibu nusu ya shehena hizo ilipita Bahari ya Pasifiki mpaka Vladivostok, mbele ya macho ya Wajapani. Meli zilipeperusha bendera ya Urusi, na Japani ikaziacha zipite. Rafiki yake Ujerumani alikuwa akiuawa askari wake na jeshi lililolishwa na shehena hizo. Mbona Japani haikuzizuia? Kwa sababu ya yale mapatano ya Aprili 1941: haikuweza kumfungulia mlango adui mwingine. Hapo karatasi ya balozi ilikuwa na nguvu kuliko mizinga iliyokuwa tayari.

Tusidhani kwamba anayefungwa hivyo ni yule anayeshindwa tu. Uingereza nayo ilifungwa. Tangu Novemba 1939 Marekani iliwauzia silaha wapiganao kwa sharti la kulipa taslimu na kuchukua kwa meli zao wenyewe, na mkono mtupu haulambwi. Mwezi wa Septemba 1940 Uingereza ilipata manowari 50 kuukuu kwa kuwapa Wamarekani nafasi za kujenga vituo vyao katika visiwa vyake vya upande wa Amerika. Mpaka sheria ya Machi 1941 iliporuhusu vifaa vitolewe bila malipo ya papo hapo, hazina ya dola ya Uingereza ilikuwa karibu kukauka. Vita vilipokwisha, Uingereza ilikopa tena, na deni hilo la mwaka 1945 lilimalizwa kulipwa mwezi wa Desemba 2006. Majemadari wote wa vita vile walikuwa wamekwisha kuzikwa. Daftari lilikuwa bado wazi.

Na sasa tuje kwetu. Mwezi wa Aprili 1942 ndege za Japani zilipopiga Colombo, Uingereza ilihamisha sehemu kubwa ya manowari zake za Bahari ya Hindi mpaka Kilindini. Mwezi uliofuata majeshi ya Uingereza yakashuka Bukini, kwa khofu kwamba Wajapani watapata bandari ya kuikata njia ya meli ziendazo India na Misri. Na mwezi wa Septemba askari wa Afrika Mashariki wakapelekwa huko huko. Wengine baadaye walikwenda Burma, wakapigana mwaka 1944 katika bonde la Kabaw penye mvua na malaria. Kijana wa Kiafrika aliyekufa kule hakupata kuambiwa kwamba safari yake ilianza katika tangi la mafuta.

Wala si askari tu. Philippines na Java zilipotekwa, kamba za meli zilikosa nyuzi, na macho yote yakageukia mkonge wa Tanganyika. Malaya ilipotekwa mpira ulikosekana, na mashamba ya mpira yaliyopandwa zamani za Wajerumani na kuachwa porini yakafyekwa upya. Nani afanye kazi hiyo? Makumi ya maelfu ya wanaume walitolewa vijijini kwa amri ya kazi ya lazima. Mashamba yao ya chakula yakabaki na wanawake, watoto na wazee. Na tuseme kweli, kwa kuwa kurasa hizi ni zetu: kazi ile isingefanyika bila orodha, na orodha isingefanyika bila karani. Mkono wa Mwafrika mwenzao ndio ulioandika majina. Hatuwahukumu waliotutangulia, maana nao walikuwa chini ya amri. Lakini hatuwezi kusema kwamba karatasi za ofisini hazina damu.

Labda mwanachama mmoja atatwambia, “Basi mwasema kwamba Japani ililazimishwa, na kwamba wakuu wake hawana lawama.” Hatusemi hivyo hata kidogo. Njia moja ilibaki wazi mpaka siku ya mwisho, nayo ni kutoka China. Walioifunga njia hiyo ni wao wenyewe, kwa kiburi na kwa kuwaogopa wenzao. Uchumi na mapatano hupunguza njia; havimnyang'anyi mtu hiari yake. Tena mwenye kufunga kisima cha jirani naye apaswa kufikiri jirani atafanya nini akishikwa na kiu. Waliozuia dola Washington walidhani kwamba Japani haitathubutu. Wao nao walikosea hesabu, na waliolipa kosa hilo ni mabaharia wa Pearl Harbor na watu wa Manila, Singapore na Rangoon.

Twatoa mashauri gani basi kwa wanachama wetu? La kwanza, tusomapo habari za vita vya nchi yo yote tusiishie kwenye habari za miji iliyotekwa. Tutazame nani ananunua mafuta na nafaka, kwa fedha ya nani, kwa njia ya bahari gani, na mkataba gani unakaribia kwisha. Humo ndimo vita vya mwaka ujao vinamoandikwa.

La pili latugusa zaidi. Wale vijana wa Tokyo hawakuzuia vita. Walisema hesabu ya kweli mbele ya mkubwa asiyeitaka, wakarudi kwenye meza zao, na nchi yao ikaenda kule kule walikokuwa wameonyesha. Mtu aweza kuuliza, je, kazi yao ilikuwa na faida gani? Twajibu kwamba baada ya miji kuungua hakuna aliyeweza kudai kwamba jambo lile halikujulikana. Kila mmoja wetu, awe wa hazina, wa stoo, wa reli au wa forodha, kuna siku atakayoletewa tarakimu na kuombwa azipendezeshe kidogo ili jambo la mkubwa lipite. Huenda likawa jambo dogo la magunia ya mahindi. Lakini mazoea ya kupendezesha magunia ndiyo yapendezeshayo meli na matangi, na mwisho wake hulipwa na watu ambao karani hatawaona kamwe.

Kurasa hizi zi wazi kwa mwanachama mwenye rai nyingine. Na aandike kwa ufupi, ataje miaka na hesabu zake, nasi tutamchapa.